Kumpa Mtoto Jina la Muujiza: Mwongozo Kamili wa Maneno na Majina kwa Wazazi wa Lamu na Visiwa Vyake

Ni vigumu kuipata familia hapa Lamu, iwe Mkomani, Langoni, Shela au kule Siyu na Kizingitini, isiyokuwa na mtoto ambaye kuja kwake duniani husimuliwa kwa mshangao mpaka leo. Huyu alizaliwa baada ya mama yake kukaa miaka mingi akiambiwa kwamba hatapata uja uzito, yule alizaliwa kabla ya wakati wake akiwa mdogo wa kutoshea kiganjani, na mwingine alibaki peke yake baada ya ndugu zake kadhaa kutangulia mbele ya haki. Mzazi wa mtoto wa namna hiyo hutamani jina litakaloshuhudia aliyoyaona. Kwa bahati mbaya orodha nyingi za majina zinazosambaa kwenye simu huandika "muujiza" mbele ya kila jina lenye sauti nzuri, na mzazi huja kugundua baadaye, pengine mtoto akiwa ameshaanza chuo cha Qur'ani, kwamba jina lile lina maana nyingine kabisa.

Mwongozo huu unafuata njia ambayo wazee wetu wameifuata kwa muda mrefu, nayo ni kuanza na tukio, kisha neno, kisha jina, na mwisho karatasi za serikali. Msimamo ninaousimamia toka mwanzo ni mmoja: jina jema la muujiza hulitaja tendo la Mwenyezi Mungu, wala halimfanyi mtoto mwenyewe kuwa ndiye muujiza.

Hatua ya kwanza: liandike tukio kabla ya kulitafuta jina

Chukua karatasi uandike, kwa sentensi chache, ni jambo gani hasa lililotokea. Usiandike "Mungu ametenda muujiza," kwa kuwa maneno hayo hayatakusaidia kuchagua. Andika kama mama aliokoka, kama mtoto alipona, kama dua ya muda mrefu ilijibiwa, kama mtoto amekuja baada ya msiba wa mwingine, au kama hakuna aliyetarajia kabisa kwamba mimba ingeingia. Kila moja ya hali hizi ina kundi lake la majina, na wazazi wengi hubishana kuhusu majina kwa sababu hawajakubaliana kwanza kuhusu tukio.

Chukulia mama wa Kizingitini ambaye uchungu umemshika usiku, akapandishwa boti kupelekwa hospitali ya Lamu mjini, na maji yakawa yamekupwa hata Mkanda, ule mlango mwembamba baina ya Manda na bara, haupitiki mpaka yajae tena. Mtoto anazaliwa mumo humo botini, nahodha amewapa mgongo kwa heshima, na bibi mtu mzima anafunga kitovu kwa uzi alioutatua kwenye pindo la leso yake. Alfajiri boti inafika gatini, mama na mtoto wote wazima. Hapa jambo lililotokea ni kuokolewa baharini. Kujibiwa dua ya miaka mingi ni jambo jingine, na kufidiwa baada ya msiba ni jingine tena. Mfano huu nitaurudia, maana unaonyesha vizuri jinsi tukio linavyoweza kuita majina yake.

Hatua ya pili: yatenganishe maneno yenyewe

Kiswahili kina maneno mengi kwa jambo lipitalo kawaida, na si yote yafaayo kuwa jina. Tuanze na muujiza. Neno hili limetoka katika mzizi wa Kiarabu wenye herufi ain, jimu na zai, mzizi unaohusu kushindwa na kutoweza. Muujiza, kwa asili yake, ni jambo linalowafanya wengine washindwe kuleta mfano wake. Katika elimu ya itikadi, muujiza ni ule tu uliodhihirishwa kwa mkono wa Mtume ili kuthibitisha utume wake. Ndiyo sababu masheikh wengi wa pwani husita wakisikia mtoto anaitwa Muujiza, ingawa katika mazungumzo ya kila siku neno hilo hutumika kwa kila jambo la kushangaza. Miongoni mwa Wakristo, neno hilo lina matumizi mapana zaidi, na jina hilo halimshtui mtu.

Mzizi huohuo umetupa maneno mengine mawili ambayo mzazi lazima ayajue. La kwanza ni ajizi, yaani uzembe na kutoweza, lile la methali isemayo "ajizi nyumba ya njaa." La pili ni ajuza, mwanamke aliyezeeka sana. Kwa hiyo ukimwita binti yako Muujiza na watu wakaanza kumfupishia jina, wakamwita Ajiza, utakuwa umempa jina lenye maana ya mwanamke asiyejiweza. Usilichanganye pia na Aziza, ambalo ni mpenzi na mwenye thamani, na mzizi wake ni mwingine, wala na Mujibu, ambalo linatokana na kujibu. Sauti zinakaribiana, lakini maana zimeachana mbali.

Karama ni neno la pili kwa uzito. Kwa wanazuoni, karama ni jambo lipitalo kawaida ambalo Mwenyezi Mungu humkirimu kwalo walii wake, mtu mwema ambaye si Mtume. Hapa Lamu neno hili lina uhai wake, kwa kuwa visa vya karama za Habib Saleh, mzaliwa wa Komoro aliyeuasisi Msikiti wa Riyadha, husimuliwa mpaka leo wakati wa Maulidi. Mzizi wake ndio uliotupa pia karimu na karamu, na kwa hiyo ndani ya neno hili mna ukarimu na heshima. Karama ni jina la mwanamume katika familia nyingi za Lamu, Malindi na Mombasa zenye asili ya Hadharamauti, kule Yemeni, na kwa maoni yangu ndilo jina bora zaidi kwa mwenye kutaka kuisema habari ya muujiza bila kuvuka mpaka, kwa sababu linasema kwamba mtu amekirimiwa. Wakristo nao hulitumia neno hilo kwa vipawa vya Roho vilivyotajwa katika Waraka wa Kwanza kwa Wakorintho, sura ya 12, na maana hizo mbili hazipingani.

Aya na ishara huenda pamoja. Neno muujiza, kwa maana tunayoitumia leo, halimo katika Qur'ani. Qur'ani husema aya, yaani alama. Nabii Musa alipewa aya tisa zilizo wazi, na Bibi Maryam pamoja na mwanawe wametajwa katika Suratul Anbiyaa, aya ya 91, kuwa ni aya kwa walimwengu. Injili ya Yohana katika Biblia ya Kiswahili nayo huyaita matendo ya Yesu ishara. Aya ni jina zuri la msichana, fupi na lisilo na majivuno, ingawa wengi wakilisikia watafikiria kwanza kifungu cha kisomo, jambo ambalo si kasoro hata kidogo.

Ajabu na wingi wake maajabu ni maneno ya mshangao. Si kila ajabu ni muujiza. Jumba la Beit al-Ajaib kule Unguja, lililojengwa mwaka 1883 kwa amri ya Seyyid Barghash, liliitwa hivyo kwa sababu watu waliustaajabia ukubwa na upya wake, na hakuna aliyedai kwamba lilishuka kutoka mbinguni. Kudura ni uwezo wa Mungu, na ndilo neno linalotutoka midomoni tunaposema "kwa kudura zake Mola." Ama kioja, kiroja, kiinimacho na mazingaombwe, hayo yaachwe kabisa: mawili ya kwanza yana kebehi au mshtuko ndani yake, na mawili ya mwisho ni hila za kudanganya macho.

Hatua ya tatu: angalia majina ya Mitume na visa vyao

Njia salama kuliko zote ni kumpa mtoto jina la mtu ambaye muujiza umo ndani ya kisa chake. Jina la namna hii halihitaji kutangaza chochote, maana kila mwenye kulijua kisa atauona uhusiano, na asiyekijua ataona jina la heshima tu.

Kwa mtoto aliyepatikana kwa wazazi waliokata tamaa kwa umri, yako majina mawili yasiyo na mfano. Is-haka, au Isaka kwa Wakristo, ni jina la Kiebrania lenye maana ya "anacheka," na kisa chake kimo katika vitabu vyote viwili. Katika Suratu Hud, aya ya 71 mpaka ya 73, mke wa Nabii Ibrahim alicheka, akabashiriwa Is-haka, naye akasema kwa mshangao: vipi nitazaa nami ni ajuza, na huyu mume wangu ni mzee, hakika hili ni jambo la ajabu. Malaika wakamjibu kwa swali: je, unaistaajabia amri ya Mwenyezi Mungu? Msomaji atazame jinsi ajuza na ajabu yalivyokutana katika aya moja. Udhaifu wa mwanadamu umewekwa ubavuni mwa mshangao wake, kisha jawabu likamrudisha kwenye amri ya Mola wake. Mzazi anayetaka jina la muujiza asome aya hizo tatu pamoja na mkewe au mumewe kabla ya kuamua lolote.

Jina la pili ni Yahya, ambaye kwa Wakristo ni Yohana Mbatizaji. Nabii Zakaria aliomba mtoto hali mifupa yake imedhoofika na kichwa chake kimejaa mvi, na katika Suratu Maryam, aya ya 7, alibashiriwa mtoto ambaye jina lake halikupata kupewa yeyote kabla yake. Kwa Kiarabu, Yahya linasomeka "anaishi." Yohana nalo, kwa Kiebrania, lina maana kwamba Mungu ameonyesha neema, na Injili ya Luka inasimulia kwamba Zakaria, akiwa bubu, aliomba kibao akaandika jina hilo mbele ya jamaa waliotaka mtoto aitwe jina la baba yake. Wazazi waliopoteza watoto kabla, nawapendekezea Yahya kwa moyo wote, kwa kuwa kila anayemwita mtoto huyo huwa anatamka kwamba anaishi.

Turudi kwa mtoto wa botini. Musa anamfaa sana: kitabu cha Kutoka, sura ya 2, kinalieleza jina hilo kwa maneno "nimemtoa majini," na maisha ya Nabii huyo yalianza ndani ya sanduku lililotupwa mtoni na kufikia kilele chake bahari ilipopasuka. Yunus naye aliokolewa katika tumbo la samaki baada ya kuita gizani. Nuhu ndiye mwenye safina, na ile dua ya Suratu Hud, aya ya 41, ambayo mabaharia wetu huisoma wanapong'oa nanga, "Bismillahi majraha wa mursaha," ni maneno yake. Wazazi wakiwa na majina matatu yanayofaa hivi, na wachague lile ambalo halijajaa mno katika ukoo, ili mtoto asije akawa Musa wa nne katika mtaa mmoja.

Ismaili ni "Mungu husikia," na linafaa kwa dua iliyojibiwa. Pamoja nalo kuna kisa cha maji ya Zamzam, na ndiyo maana wako mabinti wa pwani waitwao Zamzam. Samweli, kwa wenye kulitumia, ni mtoto ambaye mama yake Hana alisema amemwomba kwa Bwana. Rafaeli ni "Mungu huponya." Saleh ni "mwema, mwenye kufaa," na kisa chake ni kile cha ngamia jike aliyepewa watu wa Thamudi kuwa ni ishara; hapa Lamu jina hili limeenea pia kwa ajili ya mapenzi ya watu kwa Habib Saleh. Miraji hupewa wavulana, hasa waliozaliwa mwezi wa Rajabu, kwa kumbukumbu ya safari ya Mtume Muhammad, rehema na amani zimshukie, ambayo kwa kawaida huadhimishwa usiku wa mwezi 27.

Hatua ya nne: yatazame majina ya Kiswahili chenyewe

Nasikitika kila ninapoona mzazi anatafuta jina katika lugha za mbali na hali lugha yake ina majina ambayo hayana mpinzani. Shani ni jambo la nadra linaloshangaza kwa uzuri wake. Asili yake ni neno la Kiarabu lenye maana ya jambo au hali, lakini Waswahili wamelipa maana yao wenyewe, na jina hili sasa linajulikana hata ng'ambo. Mzazi ajue kwamba kwa Kiebrania shani ni rangi nyekundu iliyoiva, na kwa Wahindi Shani ni nyota ya Zohali, ambayo wengi wao huiogopa kwa nuksi. Mwenye ujirani au biashara na Wahindi asishangae jina likipokelewa kwa uso wa kushtuka. Tunu ni kitu adimu na cha thamani, aghalabu zawadi itokayo mbali. Nadra, lenye asili ya Kiarabu, linakaribiana nalo.

Mwajabu ni mwana wa ajabu, kwa ule ule utaratibu uliotupa Mwajuma na Mwanaidi. Naliona jina hili linapotea taratibu na ninatamani lirudi, maana limebeba mshangao na upole kwa pamoja. Sikudhani ni sentensi nzima iliyogeuka kuwa jina, na linamfaa mtoto ambaye mimba yake hakuna aliyeitarajia. Anayesema "sikudhani" ni mzazi, wala mtoto hatwikwi kitu. Majaliwa hukiri kwamba jambo lilijaaliwa na Mungu. Nusura ni msaada na wokovu, lakini katika maneno ya kila siku nusura pia ni "karibu ingetokea," kama tunavyosema "nusura azame." Kwa mtoto wa Mkanda, au kwa mama aliyetokwa na damu nyingi akanusurika, maana zote mbili zinakutana, na kwa hiyo ningelichagua jina hili bila kusita iwapo mtoto ni wa kike.

Liko jina moja ambalo watu wa visiwa hivi hawapaswi kulisahau. Mshairi mkubwa wa kike wa karne ya 19, mzaliwa wa Pate, aliitwa Mwana Kupona binti Mshamu. Wengi hulitaja jina lake kwa kumkumbuka kama mtunzi wa utendi aliomwachia binti yake, wasilisikize lile neno lililomo ndani yake: kupona, yaani kuokoka na maradhi au hatari. Mtoto aliyelazwa wiki kadhaa akivuta pumzi kwa msaada wa mashine, kisha akarudishwa nyumbani, anastahiki kuitwa Mwana Kupona kuliko jina lolote la kukopa. Aisha, ambalo maana yake ni mwenye kuishi, pamoja na Mwanaisha wetu, yamo katika ukoo huo wa maana.

Hatua ya tano: mtoto aliyekuja baada ya msiba

Hapa pana haja ya utaratibu, kwa sababu jina linaweza kuwaliwaza wazazi na papo hapo likamlemea mtoto. Familia za Kihadhrami hutumia Awadh, yaani fidia, badala ya kilichopotea. Khalaf, mwenye kufuatia aliyetangulia. Na Mahfudhi, aliyehifadhiwa. Faraji ni faraja baada ya dhiki, na Subira humsema zaidi mama kuliko mtoto. Ninampendelea Mahfudhi kuliko Awadh, kwa kuwa aliyehifadhiwa ana hadithi yake mwenyewe, ilhali aliye fidia hadithi yake huanzia kwa marehemu. Ikiwa babu mzaa baba anaitwa Awadh, hoja hiyo inaanguka, kwa kuwa kila mtu atajua kwamba mtoto amepewa jina la babu yake.

Usimpe mtoto mchanga jina lile lile la nduguye aliyefariki bila kukaa na mama yake peke yake, faraghani, na kumsikiliza. Wako wanaofarijika nalo, na wako ambao kila wakiita hulia.

Hatua ya sita: majina ya majirani na ya mbali

Kwa familia zenye damu mchanganyiko, au kwa wenye kupenda kujua, maana ya muujiza imo katika majina ya mataifa mengi. Waethiopia wana Tamrat, Wayahudi wana Nissim, na Wahispania wana Milagros, yote yakiwa na maana ya miujiza. Hilo la mwisho ni moja ya lakabu za Bibi Mariamu. Wayoruba husema Iyanu. Kusini mwa Afrika kuna Mangaliso, lenye maana ya jambo la kustaajabisha, na ndilo lililokuwa jina la kati la Robert Mangaliso Sobukwe, aliyeongoza kuanzishwa kwa chama cha Pan Africanist Congress (PAC) cha Afrika Kusini mwaka 1959.

Karibu zaidi na sisi, majirani zetu Wakikuyu wa Mpeketoni wana jina Kiama. Katika lugha yao neno liandikwalo hivyo hutumika kwa muujiza, na pia kwa baraza la wazee. Sikio la Mswahili, hata hivyo, husikia kiyama, siku ya mwisho. Mtoto mwenye wazazi wa pande mbili asinyimwe jina la upande mmoja kwa sababu hiyo, ila bibi na babu wa upande wa pili waelezwe mapema.

Hatua ya saba: lipime jina kabla ya kulitangaza

Liite jina kwa sauti pamoja na la baba na la babu, kwa kuwa ndivyo litakavyosomwa shuleni na katika kitambulisho. Karama Karama Said litaleta utata kila mahali. Sikiliza pia jinsi watoto watakavyolifupisha, kwa sababu hakuna jina refu linalobaki refu katika mitaa yetu.

Kisha jiulize kama jina linamsifu mtoto kupita kiasi. Katika Sahihi Muslim, kitabu cha hadithi, imepokewa kwamba Mtume, rehema na amani zimshukie, alimbadilisha jina binti aliyeitwa Barra, yaani mwema mno, akamwita Zaynab, kwa sababu jina la kwanza lilikuwa na kujitakasa. Katika kitabu hicho hicho limo pia katazo la kumwita mtumwa majina kama Yasar na Rabah, kwa sababu ukiuliza "je, yupo?" utajibiwa "hayupo," na jibu hilo likasikika kana kwamba wepesi au faida imeondoka nyumbani. Je, vipi kuhusu Baraka? Sahaba Jabir amepokea kwamba Mtume alitaka kulikataza pamoja na mengine, kisha akanyamaza na akafariki bila kulikataza. Na mlezi wake mwenyewe, Ummu Ayman, jina lake lilikuwa Baraka. Kwa hiyo jina hili linaruhusika, na mwenye wasiwasi ana Mubaraka au Mabruki.

Mwenye kutaka usalama zaidi atumie majina ya uja, ambayo humpeleka msikilizaji moja kwa moja kwa Mungu. Abdulkadir limo katika mzizi ule ule wa kudura. Abdulwahabu ni mja wa Mpaji, Abdulmujibu ni mja wa Mwenye kujibu dua, na Abdulbadii ni mja wa Muumba asiyeiga mfano wowote. Ni majina mazito, lakini yana unyenyekevu ambao jina la muujiza linauhitaji.

Mpelekee ustadhi au mchungaji wako majina mawili au matatu, usimpelekee moja, ili ushauri wake uwe na nafasi. Na usimruke bibi. Mara nyingi yeye ndiye anayejua kwamba jina ulilolipenda lilikuwa la mtu ambaye ukoo haupendi kumkumbuka.

Hatua ya nane: siku ya saba na ofisi ya msajili

Kwa Waislamu, mtoto huadhiniwa sikioni mara tu anapozaliwa, na siku ya saba hunyolewa, akapewa jina na kuchinjiwa akika, mbuzi au kondoo wawili kwa mvulana na mmoja kwa msichana; uzito wa nywele zake hutolewa sadaka kwa thamani ya fedha. Hiyo ndiyo siku ya kulieleza jina mbele ya jamaa, kwa maneno machache, ili kisa kisimuliwe sawasawa toka mwanzo. Wakristo wengi hufanya hivyo siku ya ubatizo au ya kumweka mtoto wakfu.

Sheria ya Kenya inataka kuzaliwa kwa mtoto kusajiliwe ndani ya miezi 6. Baada ya hapo mzazi huingia katika utaratibu wa usajili wa kuchelewa, wenye vielelezo zaidi na ada yake. Aliyejifungulia hospitali hupewa taarifa ya kuzaliwa pale pale, na aliyejifungulia nyumbani, au botini kama yule mama wetu, humwendea naibu chifu wa eneo lake mapema iwezekanavyo. Ikiwa mtoto alisajiliwa kabla ya kupewa jina, au jina lake likabadilishwa, mzazi ana nafasi ya kulisajili jina hilo ndani ya miaka 2 tangu kuandikishwa.

Kabla ya kutia sahihi, lisome jina herufi kwa herufi. Saleh, Swaleh na Salehe ni jina moja kinywani, lakini ni watu watatu mbele ya kompyuta ya serikali. Is-haka laweza kuandikwa Ishaq, Isihaka au Ishak; amua moja ulifuate katika cheti cha kuzaliwa, kadi ya kliniki na kitabu cha chuo. Usitumie alama ya ritifaa (') ndani ya jina, maana mifumo mingi huiondoa au huikataa. Mtoto akikua na akaliona jina lake halimfai, atalibadilisha kwa hati iliyoandaliwa na wakili na kusajiliwa, kisha mabadiliko hayo yatangazwe katika Gazeti Rasmi la Serikali ndipo aombe kitambulisho na pasipoti kwa jina jipya.